Mwendelezo na Maendeleo

Msimu wa pamba, vijana wa Nkololo, huku Kanda ya Ziwa, wakishapima mzigo na kulipwa, jenereta la kibanda cha video huunguruma hadi usiku. Filamu ya Kibongo imefika pale binti anaposhika kitasa cha mlango, mara majina ya waigizaji yanaanza kupanda kwenye runinga. "Kaka, weka pati tu!" Mwenye kibanda anachomoa CD, anafuta nyingine kwa pindo la shati, anaiingiza. Binti anafungua mlango. Tukitoka nje, ubishi ni uleule: ya pili imeizidi ya kwanza, au imeiharibu?

Ubishi hauishi kwa sababu tunaita vitu viwili kwa jina moja. Tuliyoitazama ni sehemu ya pili, yaani nusu ya hadithi moja iliyokatwa. Enzi za VCD na DVD mtindo huo ulishamiri, maana diski mbili ziliuzwa mara mbili. Kuuliza nusu ipi ni bora ni sawa na kuuliza kipande kipi cha doti ya kanga ni kizuri.

Hadithi iliyokwisha, kisha mtunzi akairudia, ni jambo jingine. Waingereza huiita "sequel", neno lenye asili ya Kilatini, "sequi", kufuata. Sisi tunasema mwendelezo, na naona letu limebeba zaidi. La kwao linafuata tu. Letu limetokana na kuendeleza, si kuendelea: yupo mtu anayeisukuma hadithi. (Darasani kuendeleza neno ni kutaja herufi zake moja moja, na ipo miendelezo ya namna hiyo, inayotutajia upya tuliyokwisha kuyajua.) Tena kitenzi kilichozaa mwendelezo ni ndugu wa damu wa kile kilichozaa maendeleo, wote ni watoto wa kwenda. Kwa hiyo swali la kibandani, kwa Kiswahili, ni fupi mno: mwendelezo huu ni maendeleo?

Euphrase Kezilahabi, mzaliwa wa Ukerewe, huku huku Kanda ya Ziwa, alitoa riwaya ya Nagona mwaka 1990 na Mzingile mwaka 1991. Wengi huisoma ya pili kama mwendelezo wa ya kwanza. Hakuna kitasa kilichoachwa mkononi mwa mtu. Kila kitabu kinasimama. Kwangu Nagona ndiyo inayokaa kichwani zaidi, lakini ni Mzingile iliyonifanya niifungue Nagona tena, nikaona nilikuwa nimeisoma juujuu. Mwendelezo usiokurudisha kwenye kitabu cha kwanza, mimi siuhesabu.

Vitabu vya Bwana Msa vya Muhammed Said Abdulla, kuanzia Mzimu wa Watu wa Kale (1960) hadi Kisima cha Giningi (1968) na vilivyofuata, si mwendelezo bali ni mfululizo: mpelelezi yuleyule, mkasa mpya, anza na chochote. Na Kusadikika na Kufikirika za Shaaban Robert, hata zikifanana majina, si mwendelezo. Ni hadithi za nchi mbili mbalimbali.

Basi wenye kuuza filamu na vitabu, nawaomba jambo dogo. Kama hadithi haijaisha, andikeni kwenye jalada "sehemu ya pili". Kama iliisha mkairudia, andikeni "mwendelezo". Tujue kabla ya kulipa.