Suti Iliyoshonwa kwa Kipimo cha Jaramogi

Ukipanda boda pale Kondele useme "nipeleke Russia", hakuna atakayekucheka. Siku hizi hospitali ile ina jina refu la heshima, la Jaramogi Oginga Odinga, lakini mji bado unaiita kwa jina la waliosaidia kuijenga, Wasovieti. Mzee Kenyatta alikuja kuifungua tarehe 25 Oktoba 1969, akarushiana maneno na Jaramogi mbele ya watu, na kabla jioni haijafika walinzi walikuwa wamefyatulia umati risasi. Serikali ilisema waliokufa ni 11. Kisumu haijawahi kuikubali hesabu hiyo.

Hadithi hiyo kila mtoto wa huku ameisikia. Leo nataka tumwongelee mtu ambaye haonekani ndani yake: Charles Njonjo.

Njonjo alikuwa Mwanasheria Mkuu tangu 1963 hadi 1980. Mtoto wa chifu wa Kiambu, akasoma Alliance, Budo kule Uganda, Fort Hare kule Afrika Kusini, kisha Uingereza. Alirudi na suti za mistari na ua kifuani. Kazi yake ilikuwa kumshauri rais kuhusu sheria, na mshauri wa namna hiyo hapendwi kwa kusema "haiwezekani, Mzee". Anauliza unataka nini, halafu anakutafutia kifungu. Mwaka 1966 Mzee alitaka Jaramogi apunguzwe.

Kwanza turudi nyuma kidogo. Novemba 1964 KADU ilijivunja na wabunge wake wakavuka kwenda KANU. Hakuna aliyewaambia warudi kwa wapiga kura. Ilisifiwa kuwa ni umoja wa taifa. Machi 1966, mkutano wa Limuru ukafuta cheo cha Jaramogi cha makamu wa rais wa chama na kuweka makamu wanane mahali pake. (Mpangaji mkuu alikuwa Tom Mboya, kijana wa Rusinga. Hicho ni kidonda kingine, tukiache.) Aprili Jaramogi akajiuzulu umakamu wa rais wa nchi, akaingia KPU, na wabunge wakaanza kumfuata. Safari hii kuvuka hakukuitwa umoja.

Bunge likaitwa mbio mbio, na Aprili haikuisha kabla Katiba haijabadilishwa. Kalamu ilikuwa ya ofisi ya Njonjo. Kifungu hicho, ambacho baadaye kilikaa kwenye Katiba kama kifungu cha 40, kilisema mbunge aliyechaguliwa kwa tiketi ya chama akikihama wakati chama hicho bado kiko bungeni, kiti kimekwenda. Soma tena polepole. Wale wa KADU walikuwa salama, maana chama chao hakikuwepo tena. Halafu kuna mkia: kama chama chako kilivunjwa ukaingia kingine, ukitoka kwa hicho cha pili, kiti pia kimekwenda. Yaani aliyetoka KADU aliruhusiwa kuingia KANU, ila hakuruhusiwa kutoka. Fundi yeyote wa nguo angekwambia kipimo hiki kilichukuliwa mwilini mwa mtu. Jina la Jaramogi halimo. Halikuhitajika.

Juni 1966 viti 29 vikapigiwa kura upya. KPU ikapata 9, vingi vyake huku Nyanza. Bildad Kaggia, aliyefungwa pamoja na Kenyatta baada ya kesi ya Kapenguria, aliangushwa kwao Kandara. Kwangu mimi hasara kubwa iko hapo. Chama kilichoanza kwa kuongelea mashamba na maskini wa nchi nzima kikarudi nyumbani kikiwa chama cha watu wa ziwa, na tangu hapo ikawa rahisi kusema ni "mambo ya Wajaluo tu".

Mwezi huo huo sheria ya usalama wa umma ikafunguliwa mlango wa kuwaweka watu kizuizini bila kesi. Kwa hivyo baada ya risasi za Russia, Jaramogi alipochukuliwa, na KPU ilipopigwa marufuku tarehe 30 Oktoba, hakuna aliyelazimika kuvunja sheria. Sheria zilikuwa zimengoja miaka mitatu. Jaramogi alitoka 1971, bila kuwahi kusimama mbele ya hakimu.

Njonjo aliendelea. Mwaka 1976, wakubwa fulani walipotaka kumzuia Moi asirithi kiti, aliwakumbusha kwamba kuwaza kifo cha rais ni kosa la kunyongwa. Juni 1982 Jaramogi alijaribu tena kuunda chama, na Bunge likaifanya Kenya nchi ya chama kimoja kisheria. Njonjo alikuwa waziri wa mambo ya katiba. Mwaka haukuisha. Mei 1983 Moi alisimama Kisii, mkoa huu huu wa Nyanza, akatangaza kuwa kuna msaliti anayeandaliwa na wageni. Kila mtu alijua ni nani. Njonjo, angalau, alipata tume ya Jaji Cecil Miller na mawakili wa kumtetea, kisha msamaha wa rais mwisho wa 1984.

Alifariki tarehe 2 Januari 2022, akiwa na miaka 101, na akachomwa siku hiyo hiyo. Sisi ambao matanga yetu hula wiki nzima tulibaki midomo wazi.

Katiba ile ya zamani ilizikwa 2010. Lakini fungua hii mpya, kifungu cha 103: mbunge akihama chama kilichompeleka bungeni, kiti kinaanguka. Na siku mbunge wa huku akianza kuchezea chama cha chungwa, wazee wa Kisumu ndio wa kwanza kupaza sauti: arudishe kiti chetu.