Mani na Mkono Wake Mwenyewe: Hatima ya Msahafu wa Nuru na Giza

Waanzilishi wa dini kubwa za kale hawakuwa waandishi wa vitabu. Buddha alifundisha kwa mdomo, na maneno ya Zarathustra yalikaa vifuani mwa makuhani kwa karne nyingi kabla ya kutiwa katika herufi. Mani, aliyezaliwa Mesopotamia mwaka 216, aliliona jambo hilo kuwa kasoro. Katika mkusanyiko wa Kikopti uitwao Kephalaia anatajwa akisema kwamba mitume waliomtangulia walikuwa na hekima ya kweli, ila kazi ya kuandika waliwaachia wanafunzi. Yeye akaamua kutunga msahafu wake mwenyewe, angali hai. Hoja ya makala haya ni kwamba Mani alilielewa vibaya tatizo alilotaka kulitatua: maandiko matakatifu hayahifadhiwi na kalamu ya mwenyewe, bali na watu wanaoyasoma na kuyaimba kila siku.

Hata hivyo, mtu akiyatazama mafundisho yenyewe ataelewa kwa nini Mani alihofia kumbukumbu za wengine. Hapo mwanzo, alifundisha, palikuwa na asili mbili zisizoumbwa, Nuru na Giza, kila moja katika milki yake. Giza likavamia, Nuru ikamezwa kwa sehemu, na ulimwengu huu ukaundwa kama mtambo wa kuikomboa nuru iliyonaswa ndani ya maada. Hakuna kilichoachwa bila kazi. Mwezi unajaa kwa kuwa umepakia nuru iliyokombolewa, na unapungua unapoikabidhi kwa jua. Wateule, tabaka la juu la waumini, hawakuruhusiwa kuvuna hata mboga, maana kukata mmea ni kuijeruhi nuru. Waumini wa kawaida, wale waliojulikana kama wasikilizaji, ndio waliowaletea matikiti na matango, nao kwa kuyala wakaiachilia nuru iliyomo. Augustino, aliyekuwa msikilizaji kwa takriban miaka 9 kabla ya kuwa askofu Mkristo, aliyafanyia mambo haya dhihaka kali. Lakini dhihaka yake inathibitisha jambo moja: katika mfumo uliofungamana hivi, ukikosea sehemu moja umevuruga yote.

Kwa hiyo Mani akaandika. Kitabu cha Shabuhragan alikitoa kwa Shapur I, mfalme wa Uajemi wa nasaba ya Wasasani, kwa Kiajemi cha Kati. Vingine, pamoja na Injili Hai, Hazina ya Uzima na Kitabu cha Majitu, aliviandika kwa Kiaramu. Akaongeza na kitabu cha picha, ili asiyejua kusoma aone kwa macho. Hapa pana kinaya ambacho wafuasi wake hawakuonekana kukijali: dini iliyoitazama maada kama gereza ilitengeneza baadhi ya vitabu vya kupendeza kuliko vyote vya zama zake, vyenye dhahabu, rangi na mwandiko wa kupimwa.

Vitabu hivyo viko wapi? Hakuna hata kimoja kilichotufikia kikiwa kizima. Kaizari Diocletian aliamuru viongozi wa Wamani wachomwe pamoja na maandiko yao. Mjini Baghdad, mwaka 923, yalichomwa magunia 14 ya vitabu vya waliohesabiwa kuwa wazandiki, na inasimuliwa kwamba dhahabu na fedha zilichuruzika kutoka motoni. Huko Turfan, Asia ya Kati, mkulima mmoja alimweleza Mjerumani Albert von Le Coq kwamba alikuwa amefukua mikokoteni mitano ya miswada, akaitupa yote mtoni kwa kuuogopa mwandiko wake na kwa kuhofia kusumbuliwa na maofisa.

Atakayepinga atasema: basi kosa ni la moto, si la kalamu. Pingamizi hilo lina uzito, lakini halitoshi. Avesta, msahafu wa wafuasi wa Zarathustra, nayo ilipata misukosuko. Kati ya vitabu vyake 21 vya zama za Wasasani, sehemu kubwa imepotea, na kilichobaki ni hasa kile kilichosomwa katika ibada. Makuhani walikijua kwa moyo, hata nakala zilipoharibika. Neno lililomo kinywani halichomeki kwa amri ya siku moja. Ni lazima uwamalize wenye kulisema, na hao wana watoto.

Ushahidi zaidi unatoka kwa Wamani wenyewe. Katika magofu ya Kellis, kwenye oasisi ya Dakhla nchini Misri, zilipatikana barua za familia moja ya karne ya 4. Baba, Makarios, anamhimiza mwanawe Matthaios azisome zaburi zake kila siku, ziwe za Kigiriki au za Kikopti. Hapo ndipo dini ilipokuwa ikiishi: kwa kijana aliye safarini na zaburi zake. Vivyo hivyo, masimulizi bora tuliyo nayo juu ya ujana wa Mani yamo katika kijitabu cha ngozi kinachohifadhiwa Köln, Ujerumani, chenye kurasa za takriban sentimita 4.5 kwa 3.5, zilizobanwa mistari 23 kila moja. Kijitabu hicho hakikuandikwa na Mani. Kimekusanya ushuhuda wa wanafunzi wake, yaani njia ileile aliyoitilia shaka.

Utafiti juu ya Wamani kwa muda mrefu umeanzia kwenye orodha ya vitabu vya Mani na kujaribu kuvijenga upya kutokana na vipande na manukuu, mengi yakiwa ya wapinzani. Kazi hiyo isiachwe. Lakini mwanafunzi anayeanza leo na aanze na zaburi za Wamani zilizopatikana Medinet Madi, Misri, na barua za Kellis, kisha ndipo aiendee Shabuhragan.