Nyashinski Hakurudi Pale Alipoachia

Wacha nianze na aibu yangu. Mara ya kwanza kusikia sauti ya Nyashinski nilidhani ni msanii mpya. Ilikuwa 2016, nilikuwa bado primo, na "Now You Know" ilikuwa inadunda kwa kila mat ya kwenda mtaani kwetu. Nikamwambia bro wangu mkubwa kwamba huyu chali mpya ni moto. Alinicheka hadi akakaa chini. "Mpya? Huyo ni wa Kleptomaniax. Wewe ulikuwa kwa nepi."

Nimekuja kugundua kwamba sote wawili tulikuwa sahihi, na hiyo ndiyo sababu naandika hii story.

Sisi hupenda kusema msanii "amerudi" kana kwamba alitoka kwa kiti akaenda kuchota maji, akarudi akakaa palepale. Lakini ukifuatilia miaka yenyewe utaona Nyash alirudi akapata kiti hakipo. Meza hakuna. Nyumba yenyewe imebomolewa na imejengwa nyingine. Wengi wa rika lake walijaribu kuingia hiyo nyumba mpya na ufunguo wa zamani, ukakataa.

Turudi nyuma kidogo. Kabla ya 1996 redio hapa ilikuwa ya serikali, basi. Capital FM ikaanza mwaka huo, Kiss 100 ikafuata mwaka wa 2000, na mwanzoni hizi stesheni zilicheza muziki wa Marekani asubuhi hadi usiku. Ngoma ya Kenya ilikuwa kama mgeni anayekaribishwa lakini haombwi abaki. Halafu mambo yakaanza kugeuka. Mwaka 1999 Nameless akashinda shindano la Capital FM na "Megarider". South B, ndugu wawili wakawa wanapika ngoma kwa jina la Ogopa DJs, na kwa muda mrefu walificha sura zao hadi watu wakaanza kujitungia hadithi. Kutoka hapo wakatokea E-Sir, Redsan, Longombas, Amani, orodha ni ndefu. Waliojiona wana hip hop wa kweli wakaubandika huo muziki jina "kapuka" kwa kuudharau, kwa sababu ya vile biti inavyolia. Jina likakaa. Upande ule mwingine Clemo akawa na Calif Records, Nonini na Jua Cali, wao wakaita yao genge. Mwaka 2002 Gidi Gidi Maji Maji wakaachilia "Unbwogable" na wanasiasa wa NARC wakaibeba hadi kwa kura ya Desemba. Ngoma ya vijana ilisaidia kuimba serikali nje. Fikiria hiyo kitu.

Machi 2003 E-Sir akafa ajalini akitoka Nakuru. Bro wangu bado akisikia "Boomba Train" anapunguza sauti ya mazungumzo. Simuulizi.

Ni kwa huo ulimwengu Kleptomaniax walipanda: Collo, Roba na Nyashinski. Vijana watatu walioanza wakiwa bado sekondari, wakapitia Ogopa, wakatoa "Haree", "Tuendelee", "Swing Swing". Nimezisikiliza zote tena wiki hii nikiwa na masikio ya leo. Biti zimezeeka, wacha tuseme ukweli. Lakini sikiliza vile wale watatu wanavyopokezana mistari bila kugongana, na utaona kwa nini mashuleni watu waliandika jina lao kwa madawati. Nyash alikuwa rapa. Hilo lishike, nitalirudia.

Sasa, pesa. Hapa ndipo story nyingi za mastaa wa zamani hukimbia haraka na mimi nataka kukaa kidogo. Msanii wa Kenya wa mwaka 2004 alikula wapi? Kwa shoo, na kwa kaseti na CD. Lakini CD ikitoka leo, kesho iko River Road imechomwa pamoja na nyingine kumi na tano, inauzwa bei ya chakula cha mchana. YouTube haikuwepo, ilianzishwa 2005, na hata ilipofika, nani hapa alikuwa na intaneti ya kutazama video? Ulikuwa unaenda saiba, unalipa kwa dakika, video inasota hadi muda wako unaisha. Skiza ya Safaricom ilikuja 2009. Kwa hivyo mtu angeweza kuwa na wimbo nambari moja nchini, sura yake kwa TV kila Jumamosi, na bado asijue kodi ya mwezi ujao itatoka wapi. Sisemi nimeona mifuko ya hao wasee watatu. Nasema huo ndio mfumo waliokuwa ndani yake.

Nyash akaenda majuu. Akakaa huko karibu miaka 10, na ameeleza mwenyewe kwenye mahojiano kwamba mboka yake ilikuwa kuendesha lori. Hakukuwa na tangazo la kustaafu, hakukuwa na shoo ya kwaheri. Kundi lilififia tu, kama stesheni unapotoka Nairobi kwenda ushago.

Hii sehemu ya lori siku hizi imekuwa mahubiri. Kila mtu anayeuza motisha mtandaoni anayo: eti uvumilivu, eti wakati wa Mungu. Mimi inanisumbua. Huyu alikuwa mmoja wa waandishi wazuri zaidi wa mistari hapa Kenya, na miaka ambayo mtu huwa na nguvu zote aliitumia kwa barabara za watu wengine. Hiyo ni kazi halali na inalipa, sina shida nayo. Shida yangu ni sisi tunaoikumbuka kama mazoezi ya kiroho badala ya kuuliza kwa nini muziki haukuweza kumlipa.

Huku nyumbani dunia haikumngoja. Kukawa na uchaguzi wa 2007 na yaliyofuata. Mwaka 2009 nyaya za intaneti zikafika Mombasa kupitia baharini na bei ikaanza kushuka. Simu za kupapasa zikaingia. Sauti Sol, walioachilia "Mwanzo" 2008, wakakua hadi wakawa wakubwa kuliko mtu yeyote wa zama za Ogopa. Naija ikateka klabu zetu na Bongo ikateka kilichobaki. Collo akageukia injili. Mtoto aliyezaliwa mwaka E-Sir alipofariki alikuwa anafanya KCPE mwaka 2016 hivi, na hajui kaseti hugeuzwa vipi.

Basi ndio huyo jamaa anarudi. Ukiangalia alivyoingia utaona hakuingia ovyo. Kati ya ngoma za kwanza ni "Letigo", akiwa na Nameless. Fikiria huo uamuzi. Nameless ndiye aliyebaki, hakuondoka kwa gemu hata mwaka mmoja, kwa hivyo wazee walimjua na watoto pia walimjua. Ilikuwa kama mtu anayerudi kijijini baada ya muda mrefu na kupitia kwanza kwa jirani anayeheshimiwa, ili asalimiwe kabla ya kuulizwa maswali. Kisha "Now You Know", rapu tupu, kuonyesha kwamba ulimi haujapata kutu. Halafu, na hapa ndipo nilimheshimu, akaacha kurapu.

Sawa, hakuacha kabisa. Lakini "Mungu Pekee" ni mtu anaimba. "Malaika" ya 2017 (si ile ya Fadhili William, tafadhali) ni mtu anaimba hadi imekuwa vigumu kuhudhuria harusi Nairobi bila kuisikia. Piga hesabu: aliyekuwa na miaka 16 akichora jina la Kleptomaniax kwa dawati mwaka 2004 alikuwa na 28 mwaka 2016. Amelipa kodi, amefutwa kazi, pengine amezika mzazi, sasa anatafuta wa kuoa. Huyo hahitaji "Tuendelee" ya pili. Anahitaji mtu aliyekua kwa kasi ileile kama yeye. Nyash akamwandikia shukrani na akamwandikia ndoa.

Kuna wanaosema alirudi kwa mgongo wa kumbukumbu tu, kwamba mashabiki wa zamani walimbeba. Mimi ni ushahidi wa kupinga. Sikuwa na kumbukumbu yoyote ya kumbeba nayo. Watoto wa darasa langu hawakuwa nayo pia, na tuliimba "Malaika" kwa basi la shule hadi mwalimu akatunyamazisha. Kumbukumbu ingempa shoo mbili tatu za zilipendwa na makofi ya huruma. Nimeziona hizo shoo. Msanii amevaa vile alivyovaa 2005, DJ anaweka ngoma ileile, watu wanarekodi na simu dakika moja kisha wanarudi kuagiza nyama.

Hata Collo alipata yake. Mwaka huohuo wa 2017 akatoka na "Bazokizo" pamoja na Bruz Newton, na nchi nzima ikawa inajaribu ile densi, pamoja na watu ambao magoti yao hayakufaa. Lakini angalia tofauti: ile ilikuwa ngoma moja kubwa sana. Ya Nyash ilikuwa mfululizo, na mwaka 2018 Ethic walipoleta "Lamba Lolo" na gengetone ikafagia kila kitu, yeye hakuwafuata wala hakuwatukana. Akaendelea na yake.

Albamu ilikuja Machi 2020, "Lucky You". Kama mna kumbukumbu nzuri, hiyo Machi ndiyo Kenya ilitangaza kisa cha kwanza cha Korona, tarehe 13, na kufikia tarehe 27 tulikuwa na kafyu. Msanii aliyengoja muda wote huo kupata albamu yake mwenyewe, na mwezi inapotoka hakuna jukwaa lililo wazi nchini. Niliisikiliza yote nikiwa kitandani na earphone moja, ile ya kushoto ilikuwa imekufa. Naiona bado ni kazi yake bora, hata kuliko zile ngoma za kurudi, kwa sababu hapo hana haja ya kuthibitisha kwamba yuko.

Sasa niwaambie kwa nini hii story imenikaa hivi. Nina rafiki tuliyesoma naye, alikuwa anatengeneza biti kwa kompyuta ya mamake huko Umoja. Si utani, alikuwa mkali kuliko maprodusa wengi mnaowalipa. Alitoa ngoma tatu, zikapata watazamaji wengi kiasi cha yeye kuanza kusalimiwa dukani, na hazikumpa hata nauli. Mwaka jana akaenda Doha, kazi ya ulinzi, mkataba wa miaka miwili. Watu mtaani wananiuliza kama aliacha muziki, na mimi sijui niwajibu nini.

Usiku wa kwao, akiwa zamu, hunitumia sauti kwa WhatsApp. Sekunde arobaini hivi, anaguna melodi, nyuma kunasikika mashine ya kupoza hewa na mara mojamoja mlango unafunguka na anakatiza kusalimia mtu kwa Kiarabu cha kuokoteza. Nimezihifadhi zote kwa folda moja. Sahii ziko 61.